Masikio Mapya ya Mama Mashine

Nyumba ya fundi cherehani,
Nyuma ya zahanati,
Kijijini kwetu.
14 Aprili

Mpendwa mwanangu Kidoti,

Pokea salamu nyingi za shangazi yako. Hujambo huko uliko? Mumeo naye hajambo, au kifua bado kinamkoromea kama pikipiki mbovu? Na wajukuu wangu, yule mtundu na yule mpole, wanakula vizuri? Nijibu hayo kwanza kwenye barua yako, mengine yafuate.

Mimi ni mzima. Magoti yananuna asubuhi, ikifika mchana yanasahau. Macho ni yale yale: la kushoto limeshafunga duka, la kulia linaona ukungu na vivuli vya watu. Ukiona mistari inapandana, nivumilie. Naandika kwa kalamu ya wino mzito, na chini ya kila mstari nimeweka ile rula yangu ndefu ya kukatia nguo ili maneno yasiporomoke. Barua zangu zote za nyuma aliniandikia Mama Mashine, mwandiko wake unaujua. Hii sikutaka aishike, kwa sababu inamhusu yeye.

Mwanangu, nina wivu. Nakwambia wewe kwa kuwa uko mbali na huwezi kunicheka usoni. Si wivu wa mume, mume nilishamzika. Nina wivu na kidude kidogo kinachokaa nyuma ya sikio la mwenzangu.

Wewe uliondoka hapa bado unang'oka meno, kwa hiyo nikukumbushe. Mama Mashine ndiye aliyekuwa akiendesha mashine ya kusaga nafaka kule barabarani. Ule mngurumo ulimla masikio kidogo kidogo, na siku aliyokabidhi funguo alikuwa hasikii hata mlango ukibamizwa, labda umpayukie sikioni. Mimi watu wanasema cherehani ndiyo iliyonila macho. Nesi anasema si cherehani, ni mtoto wa jicho, ni uzee tu. Nesi huyo hajui kubembeleza mtu.

Kijiji chenyewe siku hizi ni cha wazee na makufuli. Vijana wamekwenda zao, nyumba zao zimefungwa, majani yamefika madirishani. Tuliobaki ni sisi tuliokula chumvi nyingi, na kila mmoja ana kiungo kilichogoma kazi. Basi mimi na Mama Mashine tukagawana viungo. Yeye akawa macho, mimi nikawa masikio.

Usidhani ni maneno tu. Kila asubuhi alikuja barazani kwangu akanitungia uzi kwenye sindano za siku nzima, nyeusi upande huu wa kitambaa, nyeupe upande ule, nami nikashona pindo kwa kupapasa. Tukienda sokoni yeye alichagua nyanya, mimi nikasikiliza bei. Zahanati mimi nilisikia majina yakiitwa, yeye akasoma maandishi kwenye vichupa vya dawa. Barabara tulivuka tumeshikana mikono, yeye akitazama pikipiki na mimi nikisikiliza honi, na waendesha pikipiki walikuwa wakisimama wenyewe kwa kutuogopa.

Kwenye mikutano ya kijiji nilikaa kulia kwake, kiganja chake mkononi mwangu. Nikimfinya mara moja, anaitwa. Nikimfinya mara mbili, cheka. Alicheka kwa nguvu kuliko wote, hata kama hajui kilichochekesha, na wasemaji walimpenda kwa hilo. Jioni nikamsimulia mkutano mzima kwa sauti ya juu, na wale ambao hawakuhudhuria wakasikia bure kutoka majumbani kwao.

Hivyo ndivyo tulivyokuwa tukizeeka, Kidoti. Na nilikuwa nimeridhika.

Sasa mwezi uliopita akaja binti yake, yule kitindamimba anayefanya kazi hospitali ya mkoa, na kiboksi mkononi. Ndani kuna kidude mfano wa punje ya haragwe, na betri zake ndogo kama vifungo vya shati la mtoto mchanga. Akamvalisha mama yake, kikapiga mluzi, kisha kikatulia. Mama Mashine akageuka huku na huku. Halafu akasema kwa mshangao kwamba mlango wangu unalia. Mlango wangu umelia tangu nilipoutia bawaba. Siku hiyo hiyo alileta mafuta akaupaka, bila kuniuliza kama mimi nimeuchoka mlio wake.

Tangu hapo sina raha. Kwanza amegundua kwamba huwa najisemesha nikishona. Kumbe miaka yote hii, akiniudhi, nilizoea kummwagia vineno vyangu chinichini huku namtabasamia, roho yangu inapoa na yeye haumii. Sasa vineno vyote nameza, na vinanivimbisha tumbo.

Pili, kuna Mwalimu Chaki. Huyu ni mwalimu mstaafu wa nyumba ya mkabala, mwenye hadithi ndefu na sauti ndogo. Alikuwa hamsemeshi Mama Mashine kwa sababu kupayuka kunamletea kikohozi. Siku hizi akimaliza tu chai, anabeba kiti chake, anavuka. Namsikia akimweleza habari za redio, habari za wanafunzi wake wa zamani, habari za mbuzi. Na mwenzangu anaitikia: "Eeh! Usiniambie! Halafu ikawaje?" Mimi hajapata kuniambia "halafu ikawaje" hata siku moja. Nakaa barazani kwangu, naona vivuli viwili vimeinamiana, na roho inaniuma kama nimemeza pini.

Ila kilichonichoma zaidi ni mkutano wa wiki mbili zilizopita, wa mambo ya bomba la maji. Mwenyekiti alitoa mzaha wake, nami nikamfinya mwenzangu mara mbili kama kawaida. Akautoa mkono wake. Alikuwa ameshacheka, tena kabla yangu. Akaninong'oneza, "Nimesikia, Fundi," kwa upole kabisa, akaweka ule mkono juu ya goti lake mwenyewe. Mimi wangu ukabaki hewani, sijui niupeleke wapi. Nikajifanya natafuta leso.

Siku ile nilirudi nyumbani nikipapasa kuta za nyumba za watu.

Na hapa nikutobolee siri, mwanangu. Mwaka juzi uliponiandikia kwamba kuna daktari wa macho huko kwenu, kwamba utanipokea na nitalala kwako, nilijibu naogopa kisu. Mimi siogopi kisu, nimeshika mikasi maisha yangu yote. Nilihesabu hivi: nikiona vizuri nitatunga uzi mwenyewe, nitasoma vichupa mwenyewe, sasa Mama Mashine aje kwangu asubuhi kufanya nini? Na yeye bila masikio yangu atakaa na nani? Nikaona afadhali tubaki tulivyo, nusu kwa nusu. Mimi nilikataa macho kwa ajili yake. Yeye akaletewa masikio, akayavaa siku hiyo hiyo huku anachekelea. Niambie kama wewe usingeona wivu.

Basi nikasusa. Alipokuja asubuhi kutunga uzi nilimwambia sindano zimeshatungwa. Zilikuwa hazijatungwa hata moja. Nilikaa na sindano na uzi mpaka jua likahama baraza, nikajidunga vidole, na pindo la sketi ya mke wa mwenyekiti nikalishona kwenye gauni langu mwenyewe. Niliposimama, sketi ikasimama pamoja nami. Hakuna aliyekuwepo wa kunicheka, na hilo nalo likaniuma.

Siku ya nne hakugonga. Aliingia tu, akavuta kigoda.

"Fundi, umeninunia."

"Sijanuna."

"Umenuna. Tena siku hizi nakusikia hata unavyovuta pumzi."

Nikamwambia aende kwa Mwalimu wake, wana mengi ya kuongea. Hakuondoka. Ndipo nikapasuka, nikamwaga yote: wewe, daktari, kisu nisichokiogopa, na mkono wangu ulioachwa hewani mbele ya kijiji kizima. Nikamwambia, "Mimi nilikataa macho kwa ajili yako. Wewe umeletewa masikio, hata ushauri hukuniomba."

Kisha akasema, "Sikuletewa. Niliyaomba."

Kidoti, hapa inabidi nikueleze jambo ambalo nilikuficha usije ukakosa usingizi. Mwanzo wa mvua nilianguka. Mawingu yalikuwa yamefunga, nikatoka haraka kuanua nguo, nikaingia mzima mzima kwenye ule mtaro mpya waliochimba kando ya ua wetu. Mguu ukanasa chini yangu. Mvua ikaanza, maji yakaanza kupanda. Nilipiga kelele mpaka sauti ikakauka. Aliyenitoa ni muuza maziwa aliyekuwa akipita na baiskeli yake. Nikakandwa, nikapona, nikadhani yameisha.

Kwa Mama Mashine kumbe hayakuisha. Aliniambia haya, na nakuandikia kama alivyoyasema, maana kila neno limenikaa kichwani:

"Siku ile nilikuwa chini ya paa la jiko langu, upande wa pili wa ua. Nachambua maharage. Nikachambua, nikapepeta, nikaosha, nikabandika jikoni. Na muda wote huo wewe uko mtaroni unaniita. Muuza maziwa ndiye aliyeniambia. Anasema hukuita majirani, hukusema nisaidieni. Ulikuwa unaita Mama Mashine, Mama Mashine. Fundi, ulijua sisikii, na bado uliniita mimi."

Na ni kweli. Nesi alikuwa zahanati, sauti ingemfikia. Mwalimu Chaki alikuwa kwake na masikio yake mazima. Mimi nimelala matopeni, maji yananifika kiunoni, na jina lililonijia mdomoni ni la mtu asiyesikia hata radi.

Akaniambia yale maharage hakuyala. Kesho yake akamwomba muuza maziwa ampigie binti yake simu, amwambie mama anataka masikio, tena upesi. Binti yake alikuwa amembembeleza mara nyingi, naye akikataa, anasema anaona raha na ukimya wake.

Nilimwuliza kwa nini hakuniambia. Akasema angeniambiaje, na kila akifungua mdomo namtuma kwa Mwalimu Chaki?

Halafu akanyoosha mkono akachukua zile sindano zangu, akaanza kutunga, nyeusi huku, nyeupe kule. Alipokutana na gauni langu na lile pindo alicheka mpaka kidude kikapiga mluzi.

Usidhani sasa nimekuwa malaika. Mwalimu Chaki jana kavuka tena na kiti chake, na wivu wangu ukaamka ukakaa kitako. Nimemwambia Mama Mashine kwamba nikirudishiwa macho, kitu cha kwanza nitakachokitazama ni uso wa mzee huyo akisimulia habari za mbuzi, nijue ana nini usoni ambacho mimi sina.

Ndiyo, umesoma sawasawa. Kama yule daktari wako bado yupo, nimekubali. Tutakuja wawili. Yeye atamsikiliza daktari, maana mimi nikiingiwa na hofu sisikii kitu, na usiku mtatafuta mahali pa kumlaza, hata kama ni mkeka chumba kimoja nami. Muuza maziwa amesema ataangalia kuku wetu.

Juzi, Kidoti, nilimsikia mwenzangu akijikwaa uwanjani kwake. Nilisikia vizuri kabisa, ndoo ikidondoka, yeye akiguna, kisha kimya. Nikainuka kumkimbilia. Nikagonga meza, nikagonga mlango, nikapotea kwenye uwanja wangu mwenyewe, mikono mbele, sijui njia iko wapi. Nilipoufikia ua, alikuwa ameshasimama anajikung'uta vumbi, ananiambia si kitu. Nilimshika mkono sikumwachia, naye safari hii hakuutoa.

Msalimie sana wifi yangu, mama yako, umwambie kitambaa chake cha maua bado nimekitunza, akionana na mimi nitampima upya maana nasikia amenenepa. Msalimie kaka yako dereva, mwambie shangazi anasema apunguze mwendo. Mumeo umwambie anywe maji ya moto aache ubishi. Wajukuu uwabusu wote wawili, mtundu mara mbili.

Mungu akufungulie njia zako, akulinde wewe na wote walio chini ya paa lako, na akuzeeshe ukiwa na mtu wa kumwita.

Usikawie kujibu. Nataka siku mwenzangu akiniita, nifike.

Ni mimi akupendaye bila kupima,
Shangazi yako, Fundi.