Cherehani Yangu na Matumbo ya Tsaramandroso

Jumatatu, 3 Juni 1963
Nimefagia, nimechemsha chai, nimekwenda kukaa nishone. Meza tupu. Cherehani imeibwa. Gauni la bibi harusi limebaki na mkono mmoja. Bila cherehani mjane mimi nitakula nini? Silii ng'o. Nimesimama barazani nikatangaza, mtaa mzima wa Tsaramandroso usikie: Ijumaa nasomesha Halbadiri. Mwizi na afure tumbo mpaka lipasuke.

Jumatano, 5 Juni
Makubwa! Nimefungua mlango nikakuta barazani jogoo kafungwa miguu, sufuria tatu, mwavuli, kiatu kimoja na bendera ya taifa ya shuleni. Hata kimoja si changu. Kumbe mtaa mzima wezi, na kila mtu anaogopa tumbo lake. Cherehani haimo.
Mchana polisi kaja. Kaniuliza, bendera ya Jamhuri inafanya nini kwangu? Nikamwambia aiulize bendera. Kaichukua. Na jogoo kamchukua, eti ushahidi.

Ijumaa, 7 Juni
Fundi Madi ni mwalimu wa chuoni, anafundisha watoto Kurani. Hapa mtaani Halbadiri anaisoma yeye tu. Leo eti koo limemkauka. Ananishauri nisamehe, dunia mapito. Alfajiri kaadhini, sauti ikafika sokoni! Nimeshamjua. Ushahidi sina, hasira ninazo.
Nimempelekea telegramu Mjomba Bakari, kisiwani Nosy Be. Anapika sukari kiwandani Dzamandzar. Hajui alifu wala be. Lakini ndevu anazo.

Alhamisi, 13 Juni
Mjomba ameshuka melini. Kilemba kikubwa, kitabu kikubwa kwapani. Kitabu chenyewe cha mitambo ya sukari, cha Kifaransa, nimekifunika kitambaa cha kijani. Nimempitisha mara mbili mbele ya nyumba ya Fundi. Kila tukifika mlangoni, anakohoa kama shehe. Nimewaambia watu kesho anasoma. Naogopa, lakini sirudi nyuma.

Ijumaa, 14 Juni
Kabla ya adhuhuri mke wa Fundi kaingia, mzigo kichwani umefungwa shuka.
"Dada, mume wangu kaiokota kichakani."
Cherehani yangu. Sindano imevunjika, mengine salama. Nimemshukuru mama wa watu. Kichaka gani, sikuuliza. Mjomba ndiye aliyefurahi kuliko wote.

Jumapili, 16 Juni
Mjomba amerudi Nosy Be. Gauni limepata mkono wa pili. Fundi ameleta kanzu yake nimpunguzie urefu. Hakunitazama usoni. Nimeipinda vizuri, nimeipiga pasi. Mifuko yote miwili nimeishona ikaziba.