Kidumu cha Kando ya Kisima

Kalama, Machakos

Mama mpenzi,

Shikamoo. Natumaini goti limekuachia ukalala, na wajukuu hawajakumaliza sauti. Mimi mzima, ila baridi ya huku inanivalisha sweta mbili darasani na watoto wananicheka. Ningekupigia simu, lakini wewe hukata kabla sijafika kwenye utamu.

Huku mto ukikauka tunachimba kisima kwenye mchanga, tunateka maji kidogo kidogo, kisha tunakifunika kwa matawi ya miiba mbuzi wasiingie. Mimi nikishateka, hujaza na kidumu kidogo cha mafuta nikakiacha pembeni kwa ajili ya anayefuata, kama tufanyavyo nyumbani. Kila asubuhi nakikuta kitupu. Nikadhani ni watoto wanachezea, na nilinuna kweli.

Jumamosi nikaona pikapu kwa jirani yangu, Susu Mbithe. Susu ni nyanya kwa Kikamba. Mwanawe, Mutua, alikuwa amekuja kutoka Athi River kumhamishia kwake, maana mgongo wa mama yake haukubali tena kuinama kisimani. Kitanda kilikuwa tayari garini. Susu amekaa mlangoni, amegoma.

"Siendi. Maji niko nayo. Kuna mtu huniwekea huko mtoni kwa kidumu. Mimi nabeba, namwaga kwa nyumba, narudisha."

"Nani huyo, mama?"

"Sijui. Mungu anajua."

Nikasogea mlangoni. "Ni mimi," nikasema.

Mutua akaniangalia. "Asante, mwalimu. Lakini shule ikifungwa si utaenda kwenu?"

Ni kweli, Mama, likizo nakuja kwako. Nikamwona Susu ameshika mlango kwa mikono miwili, na roho ikaniuma. Ndipo akaja mbele jirani mwingine, Mama Kioko, ambaye hajamsemesha Susu tangu mbuzi wa Susu walipomlia mahindi yake.

"Kwani kujaza kidumu ni kazi? Tutajaza sisi."

Mutua akacheka, akateremsha kitanda mwenyewe. Nilifurahi mpaka nikalia mbele za watu. Susu akanivuta karibu, akaninong'oneza, "Lakini usijaze sana, mwalimu. Ni nzito."

Basi sasa najaza nusu, na vidumu pale mtoni vimekuwa vitatu.

Nisalimie dada Rehema na wanawe, na kaka Athumani kinyozi wetu. Nakukumbuka kuliko ninavyosema kwenye simu.

Mwanao,
Mwanajuma