Ukuta wa Duraisamy Bado Umesimama

Kaka Ilango,

Sisi ni wazima, na mpunga umechanua vizuri. Ukuta wa jirani Duraisamy bado umesimama ndani ya shamba letu. Mahakama Kuu iliamuru ubomolewe, ofisa wa ardhi akapuuza, ndipo baba akamshtaki ofisa huyo kwa kudharau amri ya mahakama. Jumatatu tulisimama tena mbele ya jaji.

"Umeubomoa?" jaji akamuuliza ofisa.

"Tumebomoa lango, Mheshimiwa."

"Mimi niliagiza lango?"

Watu wakacheka. Mimi nilitamani kumrushia ofisa kiatu. Halafu ofisa akasema alisita kwa sababu mtoto wa mzee, aliyeko Singapuri, yaani wewe, alimruhusu Duraisamy kwa simu ajenge.

Baba akainuka. "Mwanangu? Mwongo mkubwa wewe!" Jaji akamwambia akae, naye akakaa. Tangu hapo jina lako halitaji.

Ofisa amepewa wiki mbili, la sivyo jela. Kwa hiyo mpigie baba leo, umwambie ni uongo. Kama ni kweli, kaka, usipige. Mwache aendelee kuamini kwamba ofisa ndiye mwongo. Kesi nitaimaliza mimi.

Mdogo wako,
Poongodi