Milango Mitatu ya Mwisho

Kimberley, British Columbia
3 Novemba 2019

Pacha wangu Solveig,

Salamu nyingi kutoka mlimani, theluji imewahi mwaka huu. Wewe na nyonga yako mnaendeleaje? Bado unabishana na daktari? Mimi si mzima, na safari hii sitakudanganya. Moyo umechoka, na mguu umevimba hata kile kiatu cha bluu hakiingii. Usininunulie kingine. Tangu tulipokatwa miguu, mimi wa kulia na wewe wa kushoto, tumegawana kila jozi, na ndiyo maana tukaitana pacha. Sasa utafute mwenzio mwingine wa namba nane.

Daktari haniahidi Pasaka. Kwa hiyo naandika jambo nililolifungia mdomo miaka arobaini.

Unakumbuka ubingwa wa Kanada wa kuteleza kwenye theluji kwa skii moja, hapa kwetu, mwaka 1979. Wewe ulishuka kabla yangu. Nilikuwa juu, nimeegemea magongo, wakatangaza muda wako. Ulikuwa mzuri, lakini si wa kunitisha. Nusu ya mlima nilikuwa mbele yako, kila mtu aliona. Kisha, kwenye milango mitatu ya mwisho, zile nguzo za kupita katikati, nikashusha vile viskii vidogo vya chini ya magongo na kuvikandamiza kwenye theluji. Nilifunga breki, Solveig. Kwa makusudi.

Wiki ile kocha Armand alituita wote isipokuwa wewe. Akasema saratani yako ya mfupa imerudi, imeingia mapafuni, hutamaliza mwaka. Alilia mbele yetu. Nikasema moyoni, basi mwache afe bingwa.

Hukufa. Doa waliloliona mapafuni lilikuwa kovu la nimonia tu. Uliolewa, ukazaa, ukaota mvi. Mteremko wakaupa jina lako, na kibao cha Njia ya Solveig nakiona kutoka kitandani kila nikifumbua macho. Mimi nilibaki hapa kufundisha historia, na kila mwaka mwanafunzi fulani aliniuliza, "Mwalimu, si wewe yule aliyekuwa wa pili?" Mungu anisamehe, kuna asubuhi niliona picha yako gazetini nikawaza: huyu si alitakiwa awe kaburini?

Ombi langu ni moja. Kwenye mazishi yangu watakuomba useme maneno. Waambie nani alikuwa na kasi.

Pacha wako wa kushoto,
Verna


Camrose, Alberta
1 Desemba 2019

Verna,

Barua imefika. Pole kwa moyo. Nyonga haijambo, wajukuu hawajambo. Adabu imekwisha.

Kumbe kosa langu ni kupona! Nisamehe, bibi wee. Ningejua nakuudhi kiasi hicho ningejitahidi kufa kwa wakati.

Sasa nisikilize. Nilikuwa pale chini, nimesimama juu ya skii yangu moja. Wengine wote walitazama saa. Mimi nilikutazama wewe. Hukufunga breki yoyote. Ulichoka, makalio yakashuka, uzito ukarudi nyuma, skii ikakukimbia, kama ilivyokuwa kila ulipochoka. Armand alipiga kelele msimu mzima: "Verna! Hiyo si sofa!" Magongo yako yaligusa theluji kwa sababu ulikuwa unahangaika usianguke. Ukafika chini, ukanikumbatia, ukaninong'oneza, "Umeniua, mshenzi wee." Mtu aliyetoa zawadi hasemi hivyo.

Mimi naona ulishindwa, ukarudi nyumbani, ukakumbuka machozi ya Armand, na taratibu kushindwa kukageuka sadaka. Umefundisha historia. Unajua watu wanavyojitengenezea ya kwao.

Kanisani sisemi kitu.

Solveig


Kimberley
15 Desemba 2019

Pacha wangu,

Natumai baridi ya Camrose haijapasua mabomba yako. Mkono wangu unatetemeka, kwa hiyo anayeandika ni mpwa wangu Darlene. Amesoma barua zetu na anasema, "Shangazi, mmeshazeeka, achaneni na hayo." Nimemwambia aandike tu, maoni yake hatujayaagiza.

Sikukaa kwenye sofa. Nilikwambia umeniua kwa sababu zawadi ukiitangaza siku ile ile hujatoa kitu. Ulitaka nikuambie nini mbele ya watu wote, na wewe unalia kwa furaha begani kwangu?

Wewe una mengi. Ulikuwa na mumeo Leif, aliyekubeba juu ya theluji mpaka siku alipofariki. Una watoto, una wajukuu wanaojua kuoka lefse zako, ile mikate ya viazi. Mimi nina ule mshuko mmoja tu. Nilikuwa bora kuliko wewe, na hakuna anayejua. Ukininyima hilo nakufa nikiwa wa pili.

Nakuomba. Sijawahi kukuomba kitu.

Pacha wako,
Verna


Camrose
20 Januari 2020

Verna,

Darlene amenipigia simu. Anasema huli tena, ila vijiko vichache vya supu ya borshti, na hata hivyo unalalamika haina majani ya shibiti. Nikacheka, kisha nikakaa jikoni muda mrefu.

Sikukujibu kwa sababu nilikuwa nakutazama tena. Kila siku nafumba macho nakuona unashuka. Zamani nilikuwa nakuona unachoka. Sasa naona magongo yanashuka, na siku nyingine yanashuka taratibu, kama ya mtu aliyeamua. Umeniharibia, Verna. Nilikuwa naamka na ule ushindi kama mtu anavyoamka na jina lake. Sasa naamka nikiukagua.

Basi tubadilishane. Nitakuja. Nitasimama mbele ya watu wako niseme ulikuwa na kasi kuliko mimi na ulinipa. Nitawaambia waking'oe kile kibao. Watanisadiki, kwa sababu hakuna mtu anayejisema vibaya bure.

Na wewe uniandikie mimi peke yangu. Niambie ulijitahidi mpaka mwisho na nikakushinda. Wao wachukue yako, mimi nibaki na yangu. Darlene asiandike. Andika mwenyewe, hata kama ni mistari miwili.

Solveig


Kimberley
27 Januari 2020

Pacha,

U mzima? Mimi basi tena.

Sikufunga breki. Nilichoka, nikakaa nyuma. Ulinishinda.

Timiza.

Verna


Camrose
18 Februari 2020

Verna,

Hali yako siulizi. Naandika kwa sababu nimezoea, na Darlene amesema nimtumie, ataiweka pamoja na zile nyingine.

Kanisa lilijaa. Walikuja hata wanafunzi uliowafelisha, wana vipara sasa. Nilisimama, nikashika mimbari, nikasema kila neno kama tulivyokubaliana. Kwamba ulikuwa na kasi kuliko mimi. Kwamba ulifunga breki ukidhani nakufa, ukanyamaza maisha yako yote. Halafu wakainuka, wakapiga makofi, ndani ya kanisa, mchungaji naye. Nikapiga na mimi. Ningefanya nini?

Kwenye sandwichi na kahawa mwanamke mmoja wa klabu ya skii alinishika mkono akasema, "Pole, mama. Lazima ulikuwa mzigo mzito, kubeba ushindi usio wako." Nikamwambia nilikuwa sijui. Akaniangalia kwa huruma, kama anavyoangaliwa mtoto mwongo.

Karatasi yako nimeisoma mpaka imelegea kwenye mikunjo. Mwandiko ni wako, mbovu, lakini wako. Nilidhani ikifika nitalala.

Ila uliiandika baada ya mimi kukuahidi. Kama ulikaa nyuma, ungeandika hivyo. Na kama ulifunga breki, ukitaka wasikie jina lako kanisani, ungeandika hivyo hivyo, neno kwa neno. Mjinga ni mimi niliyeweka sharti. Ningekuja tu, nikae kando ya kitanda chako, nikuulize bila kukupa chochote, nikutazame usoni.

Barabara ilikuwa wazi mwezi mzima.

Pacha wako wa kulia,
Solveig