Malkia Alipojikuna na Taji

Uko wapi wewe? Shika simu. Nimejifungia chooni, nacheka hadi mbavu zinauma.

Ile video yangu ya utenzi wa kale, ya malkia anayemlilia mfalme, niliyomwigizisha shangazi, leo imeonyeshwa ukumbini. Na mimi nimebonyeza ile ambayo sijaikata mwisho wake.

SIJAIKATA, shoga.

Shangazi anamaliza kulia kimalkia, anadhani nimezima kamera, anavua taji, anajikuna nalo mgongo. Halafu anampigia jirani: "Huyu mtoto ananiliza tangu asubuhi kwa ajili ya mume wa watu. Wangu mwenyewe sikumlilia hivi."

Yote hayo ukutani, kubwa kama nyumba. Na shangazi mwenyewe kakaa mbele kabisa.

Nikatamani ardhi inimeze.

Mara msimamizi wa maonyesho kasimama, anafuta machozi. Eti hajawahi kuona utenzi ukishushwa duniani namna ile. Eti lile taji la kujikunia! Anataka kipande hicho tu, kilio cha malkia nikitoe.

Nikamgeukia shangazi nimwombe radhi. Akanitazama kuanzia juu hadi chini.

"Kwa hiyo pale nilipoigiza ndipo nilipoharibu?"