Shamba Chini ya Uwanja wa Ndege za Vita

Ubelgiji, 9 Machi 2025

Mama yangu mupendwa,

Nakusalimia sana. Mimi niko muzima. Na wewe, homa ilikuacha? Watu wetu wa mtaa wa Murara, pale Goma, wanaishije tangu vita iingie mjini?

Mama, nimepokelewa shule ya kuendesha ndege. Shule iko ndani ya kambi ya zamani ya ndege za vita. Ninalala kwa mama muzee Henriette, kando ya uzio. Anasema pale palikuwa shamba la viazi la baba yake. Alikuwa mutoto wakati askari walilichukua kujenga uwanja. Miaka mingi ndege za vita ziliruka juu ya paa lake, vikombe vikitetemeka kabatini. Halafu kambi ikafungwa. Majani yakaota kwenye nyufa za saruji, kondoo wakalala mule ndege zilimokuwa zinalala. Baadaye ndipo shule ikafunguliwa.

Mutoto wako,
Deborah

Goma, 30 Machi 2025

Deborah mutoto wangu,

Salamu katika Bwana. Homa imeisha. Dada yako Charline anakusalimia, tumeanza tena kuuza sokoni Birere, polepole.

Siku tulikimbia toka Masisi, ulikuwa mugongoni mwangu. Ndege ya vita ikapita ikipiga, tukalala ndani ya shamba la maharagwe. Mimi niliamka na wewe. Baba yako Cyprien hakuamka. Leo unaniambia unalala penye ndege kama ile zilikuwa zinatokea? Toka pale. Ukibaki, usiniandikie.

Mama yako

Ubelgiji, 22 Juni 2025

Mama,

Uko muzima? Najua ulinikataza kuandika. Nimebaki.

Nilimwambia mama Henriette habari ya baba. Akanishika mukono. Nilimuuliza kwa nini hakuhama miaka yote ile. Akajibu, “Nilisema wao wataondoka kabla yangu mimi.” Na kweli waliondoka.

Mutoto wako,
Deborah

Ubelgiji, 14 Desemba 2025

Mama yangu,

Salamu. Charline aliniambia uko muzima, nikamshukuru Mungu, hata kama wewe hujibu.

Nimepata ruhusa ya kubeba watu! Wa kwanza alikuwa mama Henriette. Tulipofika juu akaniomba nishuke kidogo. Kando ya uwanja, mipaka ya shamba ingali inaonekana katika majani. Akaifuata kwa kidole mpaka mwisho. “Hapa ni kwetu,” akasema, akacheka kama mutoto.

Mama, Goma nilikua nikiinama kila nikisikia ndege. Siku ile mlio ulikuwa chini ya mikono yangu, na niliketi wima.

Mutoto wako,
Deborah

Goma, 18 Januari 2026

Deborah, rubani wangu,

Salamu nyingi. Mimi niko muzima, Charline pia, na jirani wote wanauliza habari yako.

Charline alinisomea barua yako soko la Kituku, kando ya ziwa, mbele ya mama wanaouza samaki. Nilimwambia arudilie. Nikasimama, nikawaambia, “Baba yake alikufa chini ya ndege. Yeye anaiendesha.” Walipiga vigelegele mpaka wavuvi wakaacha nyavu. Nililia, lakini si kilio cha Masisi.

Umwambie mama Henriette aniandikie mwaliko. Kiwanja chetu cha ndege bado kimefungwa, nitapitia Gisenyi mpaka Kigali, nipandie ndege kule. Unajua sijapanda ndege hata siku moja, na unajua sababu. Kitenge kimekwisha kushonwa. Nikifika, unipandishe juu ya lile shamba. Sitaki kukaa nyuma. Nitakaa mbele, kando yako.

Mama ya rubani,
Philomène