Nchi Isiyo na Alhamisi

Lushoto, Jumatatu usiku, Julai 1974

Mjukuu wangu Raheli hana adabu hata ya kuku. Ukuta wa jikoni nimeukandika juzi kwa mikono yangu, leo ameuchora wote kwa mkaa.

"Nini hiki?"

"Kalenda, Bibi. Ya nchi yangu, huko juu ya mawingu."

Mwenzangu ana nchi. Mimi nina shamba la viazi tu.

Kumbe huko kwake kuna mwezi uitwao Ukungu, mwingine Mapeasi, na ule wa baridi kali unaitwa Bibi. Nikamwuliza kwa nini baridi ndiyo niwe mimi.

"Si ndipo tunalala pamoja karibu na moto?"

Nikaigeukia kalenda, nikatafuta kosa. Kusoma nimejifunza ukubwani, kwenye darasa la watu wazima, lakini siku za juma nazijua. Yeye kaandika Jumatano, Jumasita, Jumasaba.

"Baada ya Jumatano ni Alhamisi, wewe. Umeipeleka wapi?"

"Huko haipo. Baba alisema atakuja kunichukua Alhamisi."

Danieli mwanangu amejenga katika kijiji cha ujamaa huko chini, karibu na Mombo, sasa anamtaka binti yake. Ni haki yake. Lakini mtoto huyu nimemlea tangu hajaota meno, na hiyo Alhamisi hata mimi...

Ukuta sijaufuta.

Kesho kondakta wa basi ampelekee Danieli maneno yangu: mtoto habebwi kama gunia. Aje na mkewe, walale hapa, wale naye, awazoee. Akianza kucheka nao, ndipo washuke naye.